Mwanangu anajumlisha 12.5 na 3.75 anapata 15.80: kosa liko wapi?

Swali: "Mwalimu, shikamoo. Mwanangu yuko darasa la tano na ndiye ninayemtuma dukani kila siku. Chenji ya noti ya elfu kumi haijawahi kumsumbua. Kwenye daftari la hisabati mambo ni mengine kabisa. Swali moja lilisema mama amenunua daftari kwa shilingi 12.5 na kalamu kwa shilingi 3.75, ametumia kiasi gani, akaandika 15.80. La pili lilimtaka atoe 7.35 kutoka 20, akaandika 13.35. Nilimwambia apange namba upande wa kulia kama tulivyofundishwa sisi, akarudia lile la kwanza, mara hii akapata 5.00. Je, mtoto huyu ana tatizo la hesabu? Kuna haja gani ya kumhangaisha na senti ambazo hata mimi sizitumii? Na je, nimnunulie kikokotoo au nimtafutie tuisheni?"

Marahaba, ndugu mzazi. Nianze na lile linalokukosesha usingizi: katika haya uliyoyaeleza sioni dalili ya mtoto asiyejua hesabu. Mtoto anayepokea chenji ya elfu kumi bila kupunjwa anajua kutoa, tena anajua kutoa kwa kuvuka sifuri, jambo ambalo wengi wa rika lake bado wanahangaika nalo. Majibu yake matatu ni ya makosa, lakini si ya kubahatisha. Kila moja limefuata njia yake mpaka mwisho, na ukiifuata njia hiyo utaona kwamba yote matatu yametoka kwenye mzizi mmoja.

Tazama 15.80. Amejumlisha 12 na 3 akapata 15, kisha akajumlisha 5 na 75 akapata 80. Hesabu zote mbili ni sahihi. Kilichomponza ni kuichukulia nukta kama ukuta uliotenganisha namba mbili zisizohusiana: huku shilingi, kule senti. Kwa hiyo 12.5 kwake ni shilingi 12 na senti 5, ilhali ni shilingi 12 na nusu, yaani senti 50. Jibu la 13.35 linatokana na ukuta uleule. Alitoa 7 kutoka 20 akapata 13. Nyuma ya 20 hakuona kitu, na kwa kuwa hapakuwa na cha kutoa, ile 35 akaishusha ilivyo. Jibu la 5.00 nalo ni tunda la maelekezo uliyompa. Alipanga tarakimu za mwisho moja chini ya nyingine, akajumlisha kana kwamba ni 125 na 375, akapata 500, kisha akashusha nukta kutoka kwenye namba ya chini.

Ushauri wako wa kupanga kulia haukuwa wa bure, na ndiyo maana nataka tuutazame vizuri kabla ya kuutupa. Katika namba nzima tarakimu ya mwisho kulia siku zote ni ya mamoja, kwa hiyo ukipanga kulia unakuwa umepanga mamoja chini ya mamoja bila kujua. Kwenye desimali, yaani namba zenye nukta, bahati hiyo haipo. Tarakimu ya mwisho ya 12.5 inahesabu sehemu za kumi, na ya 3.75 inahesabu sehemu za mia. Ukiziweka pamoja unajumlisha vitu visivyo vya aina moja. Kanuni ya kweli ni kupanga mamoja chini ya mamoja. Nukta hukaa mara tu baada ya mamoja, hivyo ukishafanya hivyo nukta zitajipanga zenyewe. Walimu wengi, nami nikiwamo, tumezoea kusema kwa kifupi "nukta chini ya nukta", na si uongo. Ila mtoto aliyekariri maneno hayo bila sababu yake hukwama mara moja anapokutana na 20, namba isiyoonyesha nukta yoyote.

Sasa tuje kwenye namna ya kuubomoa huo ukuta. Sikushauri uanze na senti, kwa sababu mtoto hajawahi kuzishika. Anza na noti ya 1,000, ambayo anaijua vizuri, na mkubaliane kwamba kwa leo noti hiyo ndiyo "moja". Sarafu za 100 zinahitajika kumi ili kutimiza noti hiyo, kwa hiyo kila sarafu ya 100 ni sehemu ya kumi ya elfu, na tunaiandika 0.1. Shilingi 10 zinahitajika mia moja, kwa hiyo kila shilingi 10 ni sehemu ya mia, 0.01. Sarafu za 10 zimeadimika siku hizi. Kata vipande vya karatasi uandike 10 juu yake, na hata noti unaweza kuzikata za karatasi ili fedha za nyumbani zisichezewe. Kisha muulize: elfu 12.5 ni shilingi ngapi?

Huenda akajibu elfu kumi na mbili na tano. Usimkatize. Mkumbushe kiwanja kinachotangazwa kwa milioni 2.5, na umuulize kama mwenye kiwanja atakubali milioni mbili na shilingi tano. Mtoto wa mjini au wa kijijini anajua hiyo ni milioni mbili na nusu. Akishaliona hilo, elfu 12.5 inakuwa 12,500 na elfu 3.75 inakuwa 3,750, na jumla yake atakupa kabla hujamaliza kuuliza: 16,250, yaani elfu 16.25. Mwache aweke jibu hilo kando ya lile lake la 15.80 na akueleze mwenyewe tofauti imetoka wapi. Usimweleze wewe. Maelezo anayoyatoa mtoto kwa mdomo wake yanakaa kuliko yale anayoyapokea.

Hapo bado hajajifunza desimali; amezikwepa kwa kurudi kwenye namba nzima, na ukiishia hapo atakwama tena kesho. Mrudishe kwenye mpangilio wa wima, vipande vikiwa bado mezani:

12.50
+ 3.75
16.25

Sehemu za mia ni 0 na 5, jumla 5. Sehemu za kumi ni 5 na 7, jumla 12, yaani sarafu kumi na mbili za 100. Kumi kati ya hizo zinabadilishwa kuwa noti moja ya elfu, mbili zinabaki. Ile noti inakwenda kwenye mamoja, ambako 2 na 3 na 1 ni 6, na makumi yanabaki 1. Mwambie aishike kabisa hiyo noti na kuihamisha kwa mkono, kwa sababu hapo ndipo anapoona kwamba vitu vinavuka nukta kama vinavyovuka kutoka mamoja kwenda makumi. Kumi za nafasi moja hufanya moja ya nafasi iliyo kushoto kwake, na nukta haibadilishi chochote katika mwendo huo; kazi yake ni kutuonyesha tu mamoja yako wapi.

Pengine mwanao atauliza ile sifuri ya 12.50 imetoka wapi. Ni swali zuri, na jibu la "jaza tu sifuri" halimtoshi. Amefundishwa, na ni kweli, kwamba ukiongeza sifuri nyuma ya 125 unapata 1,250, mara kumi zaidi. Kwa nini basi 12.5 isiongezeke? Ni kwa sababu katika 125 sifuri iliyoongezwa inaisukuma kila tarakimu nafasi moja kushoto, ilhali katika 12.5 hakuna kinachosukumwa. Ile 5 inabaki kwenye sehemu za kumi, na sifuri inasema tu kwamba sehemu za mia hakuna. Kinyume chake, sifuri ukiiweka katikati ukaandika 12.05, umeihamisha 5 kwenda sehemu za mia, na elfu kumi na mbili mia tano imekuwa elfu kumi na mbili na hamsini. Mpe jozi hizo mbili azilinganishe kwa sarafu mpaka azizoee.

Kutoa ndiko kunakohitaji subira zaidi. Chukua swali lake la 20 kutoa 7.35. Weka noti ishirini za karatasi, kisha mwambie alipe elfu 7.35. Noti saba zinatoka bila shida, lakini sarafu za 100 hana hata moja. Lazima avunje noti: zile ishirini zinakuwa kumi na tisa pamoja na sarafu kumi za 100. Vipande vya 10 navyo hana, kwa hiyo avunje na sarafu moja ya 100: zinabaki sarafu tisa, na vipande kumi vya 10. Thamani iliyo mezani haijabadilika hata kidogo, bado ni elfu ishirini. Sasa analipa vizuri: vipande 10 kutoa 5 ni 5, sarafu 9 kutoa 3 ni 6, noti 19 kutoa 7 ni 12. Jibu ni 12.65. Kinachoitwa "kukopa" darasani ni huko kuvunja noti tu, na mtoto aliyewahi kukosa chenji dukani analielewa jambo hili bila kuelezwa mara mbili.

Ziko njia nyingine. Mangi wa dukani hapangi wima. Akipewa elfu ishirini kwa bidhaa za 7,350 anahesabu kwenda mbele: hamsini ifike 7,400, mia sita ifike 8,000, elfu kumi na mbili ifike 20,000. Jumla ni 12,650. Nadhani mwanao anafanya hivyohivyo kichwani, na ni njia halali kabisa, tena haina hatari ya kukosea katika kuvunja. Shuleni atatakiwa aonyeshe mpangilio wa wima, kwa hiyo asiuache. Aitumie ya mangi kuhakiki jibu. Na kabla ya njia yoyote, mzoeshe kukadiria. Kwa 12.5 na 3.75, kumi na mbili na tatu ni kumi na tano, na nusu ikiongezwa robo tatu inapita moja, kwa hiyo jibu lazima lizidi 16. Mtoto aliyekadiria hivyo hawezi kuandika 5.00, kiasi kilicho kidogo hata kuliko bei ya daftari peke yake.

Uliuliza kuhusu senti. Ni kweli zimetoweka mfukoni. Waliokua zamani wanaikumbuka senti 5 yenye samaki, senti 20 yenye mbuni na senti 50 yenye sungura, sarafu zilizotolewa kwa mara ya kwanza mwaka 1966, na thumni, yaani hiyo senti 50, ilikuwa na maana wakati huo. Leo shilingi yenyewe haina kitu cha kununua. Ningekuunga mkono kuziacha kama senti zingekuwa ndiyo lengo la somo, lakini lengo ni desimali, na desimali hazijatuacha. Ziko kwenye uniti za umeme wa LUKU, kwenye mizani ya muuza nyama, na kila Juni kwenye taarifa ya habari bajeti inaposomwa Dodoma. Bajeti ya Tanzania ya mwaka 2023/24 ilikuwa shilingi trilioni 44.39, na ya 2024/25 trilioni 49.35. Mwulize mwanao imeongezeka kwa kiasi gani. Mtoto mwenye ukuta kichwani atatoa 44 kutoka 49 apate 5, kisha ataona 35 haitoshi kutoa 39, aigeuze atoe 35 kutoka 39, na aandike 5.4 au 5.04. Jibu sahihi ni trilioni 4.96, chini ya tano, na hiyo tofauti ndogo ya karatasini ni mabilioni mengi ya shilingi. Kugeuza namba ili kubwa ikae juu ni kosa linalojitokeza sana. Lichunguze kwenye daftari lake hata kwa namba nzima.

Wenzetu wa Kenya wanazo desimali karibu zaidi, kwa kuwa bei za mafuta ya gari hutangazwa huko kila tarehe 14 ya mwezi kwa shilingi na senti. Na kama una ndugu Muskati, swali la mwanao lina sura nyingine huko: rial ya Oman imegawanywa katika baisa 1,000, kwa hiyo bei huandikwa kwa tarakimu tatu baada ya nukta. Mtoto aliyezoea kwamba desimali ni "senti" akiulizwa kati ya rial 1.250 na rial 1.5 ipi ni kubwa, anachagua ya kwanza kwa kuwa 250 ni kubwa kuliko 5. Huu ndio udhaifu wa kufundishia desimali kwa fedha peke yake. Fedha inamfanya mtoto aelewe haraka, lakini pia inamzoesha tarakimu mbili tu. Kwa hiyo changanya na vipimo: kilo 0.5 za sukari na kilo 0.125 za majani ya chai, lita 1.25 za mafuta ya kula. Asipime kwa urefu wa namba.

Jambo dogo lenye madhara makubwa ni namna tunavyozisoma. Ukisoma 12.75 kuwa "kumi na mbili nukta sabini na tano" unaujenga upya ule ukuta, kwa sababu umemtajia namba mbili nzima. Soma "kumi na mbili nukta saba tano". Angalia pia maandishi ya mitaani: wako wafanyabiashara wanaoandika 5.000/= wakimaanisha elfu tano, na katika nchi zinazofuata desturi ya Kifaransa, kama Kongo na Burundi, mkato ndio unaotenganisha desimali, ilhali sisi tunautumia kutenganisha maelfu. Mtoto akiuliza, mwambie wazi kwamba hapa kwetu mkato ni wa maelfu na nukta ni ya desimali.

Kikokotoo mnunulie ukitaka, ila si kwa ajili ya tatizo hili. Kitampa 16.25 na ukuta utabaki palepale. Tena kina mtego wake: akijumlisha 12.50 na 3.70 kitamwandikia 16.2, kwa sababu hakionyeshi sifuri ya mwisho, naye atasoma shilingi kumi na sita na senti mbili. Kitafaa baadaye, akishajua kukadiria, kama chombo cha kuhakiki.

Kuhusu tuisheni nitakuwa mkweli. Ikiwa ni ile ya watoto arobaini kwenye chumba kimoja wakinakili maswali ubaoni, kwa kosa la aina hii inaweza kumdhuru, kwa kuwa kila swali analolifanya kwa ukuta uleule linauimarisha. Ikiwa ni ya mtu anayekaa naye, anayemtaka aeleze alivyofikiri kabla ya kuweka vema au kosa, itamsaidia. Lakini kwa hali uliyoieleza, robo saa ya jioni mezani pamoja nawe, maswali machache tu, inatosha kwa kuanzia. Mwalimu wake akitumia jedwali lenye safu ya shilingi na safu ya senti, usibishane nalo mbele ya mtoto. Linafanya kazi, mradi tu senti ziandikwe kila mara kwa tarakimu mbili na mia moja zikitimia zihamie kwenye shilingi. Mwonyeshe tu kwamba jedwali hilo na ule mpangilio wa nukta vinatoa jibu moja.

Zipo hali ambazo maelezo ya maandishi kama haya hayatoshi. Ukigundua kwamba hata kwa namba nzima hajui ipi ni kubwa kati ya 305 na 350, au bado anahesabu vidole kwa 6 na 3, tatizo liko chini zaidi ya desimali na lazima lianzie hapo. Akiwa anaruka mistari, ananakili 37 kama 73, au anasogeza daftari karibu na uso, mpeleke apimwe macho kabla ya kumlaumu. Akianza kulia au kuumwa tumbo siku za hisabati, pumzisha mazoezi ya nyumbani na uzungumze na shule. Na ikiwa baada ya muhula mzima wa kujaribu kwa utulivu, kwa vitu vya kushika, bado haoni kwamba sarafu kumi za 100 na noti ya 1,000 ni kitu kimoja, omba aonwe na mwalimu mwenye ujuzi wa elimu maalumu, kwa sababu wapo watoto wenye akili timamu ambao namba huwawia vigumu kwa namna inayohitaji mbinu zake, na hilo haliwezi kupimwa kwa barua.

Hata hivyo mtu wa kwanza kumwona ni mwalimu wake wa hisabati. Nenda na daftari lenyewe, si karatasi ya alama, umfungulie ukurasa wenye 15.80, 13.35 na 5.00, na umuulize kama makosa ya namna hiyo anayaona kwa mwanao peke yake au kwa darasa zima. Ikiwa ni kwa darasa zima, basi kinachohitajika ni kipindi kimoja cha marudio darasani, si tuisheni.